Dhahabu ya Mama Nelly

Kutoka Runzewe mpaka Geita mjini, ukiuliza nani anajua kusoma mawe, utaambiwa Jicho. Jicho ni mimi. Kwa jina la kwetu ni Amosi, lakini hilo linatumiwa na mama yangu na watu wa kanisani tu. Shule niliacha darasa la nne. Sikufukuzwa, tulikubaliana tu na mwalimu kwamba kila mtu aendelee na shughuli zake.

Ila mawe! Unaniletea jiwe, nalitwanga kwenye kinu cha chuma mpaka liwe unga, naosha ule unga kwenye karai, natikisa polepole, mchanga unatoka na maji. Kama dhahabu ipo, inabaki nyuma kama uzi mwembamba wa njano. Nikisema ipo, watu wanachimba. Nikisema haipo, wanafunga virago. Hata wenye vyeti vyao wananiamkia shikamoo.

Sasa nikwambie ukweli. Huu mwaka wa tatu, huo uzi siuoni.

Ng'ombe aliye ng'ambo ya mbuga namwona, tena nakwambia kama ana mimba. Lakini cha karibu chote ukungu. Ningenunua miwani, ila wewe umewahi kuona mtu anaitwa Jicho kavaa miwani? Nikajifunza ujanja. Nikimaliza kuosha, namgeuzia karai mwenye jiwe. "Haya, tazama mwenyewe." Halafu mimi namtazama yeye. Akibana pumzi, ipo. Akishusha mabega, haipo. Mara nyingi napatia. Nikikosea nasema mwamba umekimbia, na wanakubali.

Mwaka jana mwezi wa tano akaja Sostenes na jiwe aliloliokota shambani kwa shemeji yake, Mama Nelly, mjane wa kaka yake. Lilikuwa shamba la viazi vitamu, bado mwezi mmoja vichimbwe, vikatwe, vianikwe viwe michembe ya kulisha watoto wanne mpaka mvua nyingine. Sostenes anataka duara, yaani shimo la dhahabu, katikati ya matuta. Mama Nelly naye alikuja, akasema neno moja tu: "Jicho akisema ipo, chimbeni. Akisema haipo, usinitajie tena shamba langu."

Nikatwanga, nikaosha, nikageuza karai. Sostenes akabana pumzi mpaka mishipa ya shingo ikasimama.

"Ipo," nikasema.

"Umeona, shemeji? Ile pale!"

Mama Nelly akainama. "Mbona mimi sioni kitu?"

"Mama Nelly," nikamwambia kwa huruma ya wataalamu, "dhahabu haionekani na kila mtu. Macho yanafundishwa."

Akainama tena, safari hii akakaa sana. "Labda... hicho kinachometameta pembeni?"

"Hicho hicho!" Na nakuapia, hapo hata mimi nikaiona. Ya njano kabisa.

Kesho yake asubuhi nikabeba kinu na karai, nikaenda shambani kupokea heshima zangu. Nikakuta watu kama thelathini na majembe na sururu, vigingi vimeshapigwa, kamba imevutwa juu ya matuta.

"Mwangaluka, Baba Davis," Mama Nelly akanisalimia Kisukuma, kwa jina la mwanangu.

"Mwangaluka, mayu," nikaitikia; mayu kwetu ni mama.

"Nipimie na hili, kabla hawajaanza." Akafungua pindo la kanga, akanipa kipande cha jiwe.

Nikapima mbele ya umati. Nilipogeuza karai, wa mbele wakasema "Eeeh!" Sostenes akashika kichwa.

"Hii ni kali kuliko ya jana!" nikatangaza.

"Asante," akasema Mama Nelly. "Hilo ni figa langu. Nimelimega leo asubuhi. Nimelipikia ugali miaka kumi na mbili."

Sostenes akauliza, taratibu, "Hilo figa ulilitoa wapi?"

"Tinde, kwa mama. Lilikuja na vyombo vyangu nilipoolewa."

"Tinde sehemu gani?"

Wawili wa nyuma walishaanza kubeba sururu zao, safari ya Tinde.

Mama Nelly akanigeukia mimi. "Jana nilipoinua uso kwenye karai, nilikukuta unanitazama mimi. Mchanga hukuutazama hata kidogo."

Nilikuwa na uongo mzuri umeshafika mdomoni: kwamba figa likikaa motoni miaka mingi linavuta dhahabu. Wangekubali, nakuhakikishia. Lakini mama wa watu alikuwa amesimama juu ya tuta, miguu kaitanua kama anazuia ng'ombe wasiingie.

"Jamani," nikasema, "mimi sioni."

Wakacheka mpaka wakashikana mabega.

"Jicho bwana!"

"Anataka tuondoke abaki nayo mwenyewe!"

Kadiri nilivyoapa, ndivyo walivyozidi kuamini ipo. Jembe la kwanza likainuliwa. Mtu aliyetania watu maisha yake yote, siku akisema kweli wanamwona ameongeza utani.

"Mama Nelly, nipe sindano na uzi."

Akaleta. Jua la saa tatu, watu thelathini wananitazama, na mimi natunga uzi. Ukaenda kushoto. Ukaenda kulia. Nikaulamba, nikaurudisha. Mara ya saba nikapiga kelele, "Umepita!" Ulikuwa umepita kati ya sindano na kidole changu.

Hakuna aliyecheka. Sostenes akachukua karai, akaliinamia peke yake, akalitikisa, akaligeuza.

"Hamna kitu humu," akasema. "Mchanga mtupu. Na jana ilikuwa hivi hivi."

"Sasa jana uliona nini?"

"Niliona kwa sababu wewe ulisema ipo."

"Mimi nilisema ipo kwa sababu wewe ulibana pumzi!"

Tukatazamana kama wezi wawili waliokutana ndani ya nyumba moja.

Watu wakatawanyika, kila mmoja akimwambia mwenzake kwamba yeye tangu jana alikuwa na mashaka. Mama Nelly akanionyesha ile kamba.

"Vigingi unaviona?"

"Vya mbali naviona."

"Basi anza na vya mbali."

Nikang'oa mpaka saa sita. Vya karibu nilivitafuta kwa kupapasa na mguu, ndiyo maana akanifokea kutoka mlangoni: "Baba Davis! Unakanyaga viazi!"

"Sivioni, mayu."

"Eeh, leo ndiyo umejua kusema."