Kahawa ya Ardis na Jina la Mbunge

Ardis Kvamme alikuwa karani wa usharika wa Kilutheri wa Nordby, Minnesota, kwa miaka kumi na tisa, na zaidi ya nusu ya miaka hiyo hakumwamini Mungu hata kidogo. Usishtuke. Mumewe, Palmer, alipokufa, yeye na imani waliachana kimyakimya, bila ugomvi. Kanisa ndilo ambalo hakuliacha. Angekwenda wapi? Jikoni, chini ya kanisa, ndiko kulikokuwa na vikombe vyake, birika lake kubwa la kahawa na wanawake watatu wa kusengenya nao. Nyumbani kulikuwa na saa ya ukutani na paka, na paka mwenyewe ana maringo.

Sasa, pale Nordby kuna kadi. Kila anayekwenda Meza ya Bwana huandika jina lake kwenye kadi ndogo na kuiacha kwenye benchi, na Jumatatu karani huzikusanya na kuyanakili majina katika daftari. Ambaye miaka miwili imepita hajashiriki wala hajatoa sadaka, jina lake husomwa mbele ya watu kwenye mkutano mkuu wa Desemba, likafutwa. Wenzake wakipiga magoti, Ardis yuko chini anachemsha kahawa. Kadi yake hujijazia mwenyewe Jumatatu, kwa mwandiko mzuri kabisa.

Mwaka huo watafiti walimpigia simu. Wanauliza Wamarekani dini zao, je, yeye ana ipi? Ardis, kitambaa cha jikoni cha kanisa kikiwa begani, akajibu, "Sina." Aliona raha ya ajabu, akala biskuti mbili. Baadaye gazeti likaandika kwamba karibu watu watatu katika kila kumi wamejibu kama yeye, lakini kule Bungeni Washington wa kukiri hivyo unawahesabu kwa vidole vya mkono mmoja. Tangu hapo kila Jumapili alichungulia mabenchi ya kanisa akihesabu. Benchi la watu kumi, watatu. Wepi hao?

Siri yake aliijua mtu mmoja tu, Darrel Hegstad, mtoto wa kaka yake. Alimwambia yote, hata la kadi, siku walipomzika huyo kaka, machozi yamemlegeza ulimi. Na Darrel huyo ndiye aliyechaguliwa kuwa mbunge Novemba ile.

Ijumaa moja ya Desemba akapiga simu katika ofisi ya usharika.

"Shangazi yangu kipenzi!"

"Ukianza na kipenzi najua kuna kitu. Sema."

"Kuna gazeti linakusanya dini za wabunge wote. Nimeandika Mlutheri."

"Mlutheri wa wapi?"

"Wa hapo kwenu, wa wapi tena! Watapiga simu kuhakikisha."

"Darrel, mara ya mwisho kuingia humu ulikuwa umebeba jeneza la baba yako. Miaka miwili na nusu hiyo. Jina lako nalisoma keshokutwa, pamoja na majina ya watoro wenzako."

"Ndiyo maana nimekupigia. Nijazie kadi. Moja tu!"

"Sijazi uongo mimi."

Darrel akacheka kidogo. "Haya. Na yako hujaza nani?"

Ardis akaugeukia mlango kuona kama umefungwa.

"Sikutishi, shangazi. Nasema tusaidiane tu. Watu wa huku hawampi kura asiye na dini."

"Kwani wewe unayo?"

"Mimi nina uchaguzi mwingine baada ya miaka miwili," alisema mbunge.

Ardis alikata simu na kukaa akilitazama daftari. Aliogopa, tena sana. Si Mungu aliyemwogopa. Aliogopa kunyang'anywa ufunguo wa jikoni. Lakini pia alikuwa na hasira. Mtoto ambaye Ardis alimfuta kamasi kwa mikono yake, leo anamtia kamba shingoni! Hakujaza kadi ya mtu yeyote, hata yake.

Jumapili baada ya ibada watu walikusanyika chini ukumbini, kila nyumba imeleta chakula: masinia ya viazi na nyama ya kusaga yaliyookwa, jeli ya kijani yenye karoti ndani. Darrel naye alikuja na koti la bei mbaya, akala sahani mbili, akapeana mikono na kila mtu. Mezani hakuweka hata mkate.

Ardis akasimama na orodha. Akasoma majina matano, kisha, "Darrel Hegstad."

Ukumbi ukaguna. Darrel akamkazia macho shangazi yake, nyusi juu.

"Na Ardis Kvamme."

"Ardis, umechoka?" Verna, rafiki yake wa jikoni, alimwita. "Hilo ni jina lako!"

"Nalijua, nimelibeba muda wa kutosha. Tangu Palmer afe sijashiriki. Kadi zangu nimekuwa nikizijaza mwenyewe. Na maadamu nimeshaanza, siamini pia. Haya, nimesema. Tafuteni mtu wa kahawa."

Kisha mzee Orlin Brekke, mwenyekiti wa baraza la wazee, mkulima wa miaka themanini, akajikuna shingo.

"Mimi kuna wiki naamini," alisema, "na kuna wiki nafuata kahawa."

Mtu mmoja akacheka, wakafuata wengi, na nyuma wawili wakainamia sahani zao, masikio mekundu. Ardis akawahesabu haraka haraka.

"Hebu, hiyo kahawa hununua nani?" Verna akauliza.

"Mimi."

"Tangu lini?"

"Tangu kopo la kahawa la kanisa liishe. Miaka kumi na moja."

Mchungaji Renae akafunua katiba ya usharika. "Inasema ashiriki au atoe sadaka. Hiyo ni sadaka."

"Haikuandikwa," alisema Ardis. Ukarani ulikuwa umemwingia mpaka kwenye mifupa.

"Basi iandike. Ukishindwa, nipe kalamu."

Ardis akaiandika mwenyewe, herufi zikienda upande. Hapo Darrel akaona nafasi yake. Akasimama, mkono kifuani.

"Na mimi, ndugu zangu, naamini kwa moyo wangu wote—"

"Vizuri sana," alisema mzee Orlin. "Umeleta nini?"

Darrel akatazama meza. Akatazama sahani yake tupu. Jina lake likafutwa.

Jumanne simu ya ofisini ikalia. Alikuwa kijana wa gazeti, mwenye adabu.

"Mama, mbunge Hegstad ni msharika wenu?"

"Hayumo."

"Lakini hapa ameandika kwamba ni muumini."

"Muumini sana. Alitutangazia mwenyewe juzi."

"Na wewe, mama? Ni msharika?"

"Nimo. Ila siamini."

Kijana aliacha kuandika. "Subiri, mama. Anayeamini hayumo, na asiyeamini yumo?"

"Ndiyo hivyo, mwanangu. Andika kama ulivyosikia," alisema Ardis. "Sasa nisamehe, nina birika motoni."