Rangi ya Macho Yangu

Mjukuu wangu wa kike anachonga watu wa mti. Hapa Bariadi walisema tezo si ya mwanamke. Nikawauliza, "Ninyi mikono yenu imechonga nini zaidi ya tonge la ugali?"

Anachonga kama zile sanamu za ngoma nilizoziona nikiwa binti huko Shishiyu, vyama vya wachezaji, Bagalu na Bagika, vikishindana baada ya mavuno: shingo ndefu, tumbo mbele, mdomo umeachama. Zamani walipaka masizi na chokaa. Yeye anapaka rangi ya mafuta, ile ya milango.

Mwaka jana akanichonga mimi. Nilifurahi mpaka nikavaa kitenge kipya kwa ajili ya kukaa mbele yake. Kila kitu alikipata, hata jino langu moja lililobaki mbele. Halafu akapaka macho mekundu.

"Weka nyeupe," nikamwambia.

"Lakini bibi, ni mekundu."

Ni mekundu kweli. Miaka yote nimepika kwa mabua ya pamba na mavi ya ng'ombe. Moshi ule ungekuachia wewe macho ya namna gani? Lakini yeye ni mtoto wa juzi. Hakujua kwamba shangazi yangu walimkata mapanga kwa macho kama haya, wakamwita mchawi. Mkeka wake niliuosha mimi. Sikuwahi kumsimulia, na hapo kosa ni langu.

Akaianika sanamu uani, karibu na njia. Jirani yangu, tuliyepalilia naye pamba tangu tulipoolewa, akapita na ndoo kichwani. Akasimama, akanisalimu kwa Kisukuma.

"Mwadeila, mayu. Kumbe hata mjukuu wako ameyaona?"

Alicheka. Nami nikacheka, maana usipocheka ni kama umekiri. Kesho yake wajukuu zake hawakuja kula matobolwa, viazi vyangu vya kukausha ambavyo huwa wanavigombania. Wala kesho kutwa.

Ndipo nikamweleza mjukuu wangu habari za shangazi, zote, mpaka mkeka. Hakulia. Alikwenda kuchukua brashi, akaichovya kwenye nyeupe, akasimama nayo tu.

"Nikiyapaka hivi si wewe tena, bibi."

"Ndivyo ninavyotaka."

Nikampokonya. Nikapaka mwenyewe, ovyo ovyo, rangi ikachuruzika mashavuni.

Jirani alipopita tena aliitazama. "Sasa imependeza," akasema. Kisha akanitazama mimi, machoni, akainamisha uso na kuongeza mwendo.

Sanamu ilinunuliwa, ikaenda Mwanza. Mjukuu wangu akaniletea jiko la gesi. Moshi hakuna tena jikoni kwangu. Kila asubuhi namuuliza, "Leo je?" Ananishika kidevu, ananigeuzia kwenye mwanga, ananikagua kama anavyokagua gogo kabla ya kulitia tezo. Yule mtoto hajui kudanganya.

"Bado, bibi."