Hafize Aliyekataa Kuitwa Stanka

Shangazi yangu Hafize aliongoza wachambuzi wa tumbaku katika ghala la kijiji, na katika vijiji vyetu vya milima ya Rodopi hakuwa na mpinzani. Alilipapasa jani mara moja tu, akakwambia ni la daraja la ngapi.

Mwaka sabini na tatu askari wa serikali waliingia kijijini, wakatukusanya Waislamu wote, wakachukua vitambulisho vyetu na kutupa vipya vyenye majina ya Kikristo. Baba yangu akawa Asen. Shangazi akaambiwa kuanzia siku ile yeye ni Stanka. Alitia sahihi, maana mumewe Yumer alikuwa amesimamishwa ukutani, ameelekezewa bunduki. Kisha akarudi nyumbani, akapika maharage.

Kesho yake ghalani, msimamizi Petko akaita majina.

"Stanka!"

Shangazi akachukua jani jingine.

"Stanka! We mama, si nakuita?"

Shangazi akaendelea kuchambua. Petko akamfuata, akaipiga meza kwa kiganja. Ndipo shangazi akainua uso kwa upole kabisa. "Samahani, Ndugu Petko. Tangu jana masikio yangu yameziba."

Wanawake wakainamia majani yao wasije wakacheka.

Petko hakuwa mjinga. Alimpeleka kwa daktari mjini, akangoja nje ya mlango. Daktari akaangusha sinia la chuma nyuma ya shangazi, hakushtuka. Akamwita Stanka mara tatu, hakugeuka. Daktari akafungua faili, akalitazama jina la zamani lililokatwa kwa wino, kisha akanong'ona, "Hafize, kifungo cha koti lako kimefunguka."

Mkono wa shangazi ukaenda kifuani wenyewe. Akajua amekwisha.

Daktari akautupia jicho mlango. Halafu akaandika, akasema kwa sauti ya kusikika mpaka nje, "Huyu ni kiziwi kabisa, maskini!"

Uziwi ule ulimgharimu. Walisema kiziwi hawezi kuongoza wenzake, wakamwondoa ghalani na kumpeleka kulima mteremko wa juu, kwenye mawe matupu, peke yake. Miaka kumi na saba! Dukani alionyesha vitu kwa kidole. Petko alijibanza nyuma ya ua wake, akingoja amsikie akimjibu mtu.

Usiku mmoja, milango ikiwa imefungwa, Yumer alimhurumia, akamwambia, "Mke wangu, itika mara moja tu wakurudishe ghalani. Jina ni neno tu."

"Kama ni neno tu," akasema, "mbona wao wanaogopa kuniita kwa langu?"

Yumer hakuligusa tena jambo hilo.

Serikali ile ilipoanguka, sheria ikatoka: anayetaka jina lake aende mahakamani. Machi mwaka tisini nusu ya kijiji ilijaa kwenye basi. Foleni ilizunguka jengo zima. Karani, binti mdogo, akachungulia karatasi.

"Stanka ni nani hapa?"

"Hayupo," shangazi akamjibu. "Yupo Hafize, binti Salih. Andika taratibu, mwanangu, usikosee."

Foleni nzima ikaangua kicheko, na karani naye akacheka huku akiandika. Shangazi alipopokea ile karatasi aliisoma mara mbili, akaikunja, akalia mbele ya watu wote bila kujifunika uso.

Hakurudi na basi. Wazee wengi hawakujua kuandika, kwa hiyo akakaa kwenye benchi la korido siku tatu, akiwajazia fomu mmoja mmoja. Siku ya mwisho akaja mzee Raif, fundi viatu, aliyekuwa bado akitazama nyuma kila mlango ulipolia.

"Jina lako, mjomba?"

Mzee akanong'ona.

"Sikusikia. Paza sauti."

"Raif."

"Zaidi! Hapa hakuna wa kukufanya kitu."

"RAIF!" mzee akapiga ukelele, korido ikavuma, watu wakapiga makofi. Akavua kofia, akajifuta jasho, akauliza kama anaweza kulitaja jina la baba yake pia.