Maji ya Mtungini

La, sikumdanganya yule bwana wa bima. Laiti ningemdanganya!

Tulikuwa Changamwe, vita vya Wazungu vimekwisha juzi tu. Mume wangu karani wa bandarini, ametujengea nyumba ya mawe na chokaa, bomba la maji limepita ndani ya ukuta hadi jikoni. Akaikatia na bima. Kila mgeni akija, yeye huyo, shingo ndefu: "Nyumba yangu ina bima. Moto, bomba kupasuka, yote yamo." Mama mkwe wangu akamjibu kwa ile sauti yake ya kukwaruza: "Na kusema sana, mwanangu, kumo?"

Basi asubuhi moja ukuta wa chumba cha mama mkwe, ule wenye bomba, ukaanguka. Umelowa, umekuwa kama uji. Yeye alikuwa uani achambua mchicha, Mungu alimwokoa. Mume wangu hakula siku hiyo. Masika yako mlangoni, na pesa za kununulia mawe mengine hana. "Bima isipojenga," akasema, ile shingo yote imekwisha, "nyumba nzima yaja chini. Twarudi kwetu Rabai."

Bwana wa bima akaja, Mhindi mmoja mpole, kofia mkononi. Mume wangu akamwonyesha bomba. "Limepasuka ghafula, bwana." Yule akapapasa ukuta uliobaki, "Sawa sawa, sawa sawa," huku aandika. Nikaona uso wa mume wangu wafunguka.

Jua kali, mgeni atoka jasho. Ningemwachaje bila maji? Nikamchotea kikombe mtungini. Akanywa chote.

"Mama, maji tamu sana, baridi. Hii ya kisima?"

Nami kwa kujisifu: "Kisima cha nini, bwana! Ni ya bomba hilo hilo. Lavuja tangu mwanzo wa kiangazi, nimelitegea mtungi. Nani ataka foleni ya mferejini?"

Mume wangu akakohoa. Akakohoa tena. Mama mkwe akanifinya mkono. Mimi ndo kwanza nimenoga: "Hata fundi nalimkataza asilikaze!"

Kumbe yaliyoingia mtungini yalikuwa kidogo. Mengi yalikuwa yapita ndani ya ukuta, siku zote hizo, nami nawacheka majirani wanaobeba ndoo.

Yule bwana akaweka kikombe chini polepole, akafunga daftari lake.

"Mama, bima nalipa ajali. Hii nyinyi nafuga."