Vipiza vya Kikombe cha Mwanzi

Harufu ya ulanzi, pombe yetu ya mianzi, ikichanganyika na unga wa ngano, hainipiti hivi hivi. Juzi niliinusa kwa jirani aliyekuwa akiumua maandazi, nikasimama dirishani kwake kama mwizi, na mara nikawa mtoto tena, nyumbani kwa bibi, Ipogolo, Iringa, miaka ile ya hamsini.

Nilikuwa mtoto wa kuuliza. Bibi, mama yake baba, alikuwa akisema Mungu aliponiumba alianza na mdomo, vingine akavibandika baadaye. Na swali lililoninyima raha kuliko yote lilikuwa hili: baba alifanya kazi gani huko Mbeya? Alikuja likizo na sukari na khanga, akiulizwa anajibu, "Niko kwa Mtaliano, Iyunga," kisha anageuzia maneno kwenye mvua. Nilimchunguza. Mikono yake ilikuwa na makovu madogo ya moto, nikaamua ni mhunzi. Halafu nikanusa koti lake, likanuka vitunguu, nikaanza kukisia upya.

Masika ya mwaka mmoja alikuja kutuchukua, mama na mimi, tukaishi naye Mbeya. Bibi akakataa katakata.

"Mficha uchi hazai," akamwambia. "Mjukuu wangu simtoi kwa kazi isiyo na jina."

Jioni ile baba akaning'iniza maziwa mgando kwenye kitambaa, yachuje maji. Kesho yake akapanda mjini, akarudi na unga wa ngano kutoka duka la Mhindi, akakunja mikono ya shati, akaingia jikoni kwa bibi. Ninyi mnaonisoma leo huenda msione ajabu. Kwetu, wakati ule, mwanamume mzima kukaa kwenye mafiga ya mama yake ilikuwa aibu ya ukoo mzima. Mama aliinamisha uso. Bibi alivuta kigoda chake mlangoni, akakaa akitazama. Mimi nilijipenyeza hadi karibu na moto, maana jambo lile nisingelikosa kwa lolote.

Hamira haikuwapo, hivyo baba alikandia ulanzi. Ngumi zake zilizama kwenye unga na kuibuka, wala hakuonekana kubahatisha. Akaufunika kwa khanga ya mama kando ya mafiga, kwa sababu baridi ya Iringa haina huruma na kinyunga. Nilifunua na kufunika, nione kinavyovimba, mpaka nikachapwa kofi la mkono. Nyanya alizichemsha na vitunguu zikawa nzito. Yale maziwa yalikuwa yamebaki madonge meupe, akayatia chumvi. Kisha akasukuma kinyunga kwa chupa, akatungua ukutani kikombe cha mwanzi cha marehemu babu, ambacho bibi hakuruhusu mtu akiguse, akaanza kukatia viduara kwa ukingo wa kikombe. Nilimtazama bibi. Hakuinuka kwenye kigoda chake.

Viduara vikapakwa nyanya, vikawekewa madonge, vikaingia sufuriani, makaa chini, makaa juu ya mfuniko.

"Baba, mbona vidogo hivyo?"

"Hivi ni vipiza, piza ndogo za wageni. Wanakula wamesimama, kimoja mdomoni mara moja."

"Wamesimama kama mbuzi?" Lilikuwa neno la kwanza la bibi tangu asubuhi.

"Ndiyo, mama. Na mimi ndiye ninayewapikia. Kazi yangu ni upishi."

Bibi hajajibu, tukasikia mtu akisalimu, "Kamwene!" uani. Alikuwa Babu Mdogo, mdogo wake marehemu babu, mkubwa wa ukoo wetu, mtu ambaye neno lake lilifika kila nyumba. Pua ilikuwa imemleta. Akasimama mlangoni, akautazama unga uliofika viwiko vya baba.

"Nani kapika humu?"

Sitasahau uso wa baba. Bibi akainuka, akapokea sahani, akachukua kipiza cha kwanza, mbele ya mgeni, mbele ya wanaume, akakitia chote mdomoni. Akatafuna taratibu, akameza. Kisha akampa Babu Mdogo sahani kwa mikono miwili.

"Karibu, shemeji. Chakula cha nyumba yangu hiki."

Babu Mdogo alimtazama, akaitazama sahani, akaketi. Alikula, akaongeza, na kuhusu unga wa viwiko hakusema neno, siku ile wala nyingine.

Mimi nilikasirika kweli. Bibi huyu huyu aliyenifinya kila nilipodokoa kabla ya wageni! Nilipomuuliza, akacheka: "Ukikua utajua." Wiki iliyofuata tulipanda basi la Mbeya. Bibi alikuwa amekifunga kile kikombe kwenye kitambaa, akampa baba. "Wakatie kwa hiki," akamwambia.

Miaka ikapita. Bibi alikuwa ameshatangulia, nami nina watoto, siku niliyowapokea wageni wa kwanza kwa ulanzi wangu mwenyewe. Kama ilivyo desturi, mwenye chungu cha ulanzi huonja kwanza mbele ya wageni, wajue kilichomo ni chake, na kikiwa na ubaya, ni wa kwake kabla ya mtu mwingine. Nikainua kata, nikapiga funda. Ndipo nikamwona tena bibi mlangoni pa jiko lake, shavu limejaa kipiza, macho kwa Babu Mdogo. Wageni wakaningoja, nami nikameza taratibu kama yeye, nikawapa kata kwa mikono miwili.