Binti yangu alisoma sawa, mwalimu akamkata kwa majibu ya nyuma ya kitabu

Wakuu, salamu kwenu huko mliko. Hii haijatungwa, imetokea nyumbani kwangu Musaga, hapa Bujumbura, na hasira bado ninayo.

Kwanza mnijue. Shule niliacha darasa la tano. Leo nina atelye yangu ya kuchomelea vyuma, na ukipanda Kinanira ukaona geti zuri, uliza nani kalitengeneza. Sijisifu, mageti yenyewe yanaongea.

Binti yangu Nadia ana miaka kumi na moja. Nilimtafutia mwalimu wa kumsomesha Kiswahili nyumbani, kila Jumatano mchana. Tena kile kitabu cha mwalimu, chenye majibu nyuma, nilikinunua mwenyewe. Nilijua ndicho bora.

Jumatano moja namkuta mtoto anafuta jibu lake kwa raba, huku analia.

Kifungu kilikuwa cha mama anayeuza ndagala, vile visamaki vya ziwani. Swali: kwa nini alirudi nyumbani mapema? Nadia aliandika ndagala zilikwisha. Mwalimu akamkata kwa peni nyekundu, eti ni mvua.

Nikaomba kitabu. Mi nasoma polepole, kwa kidole, sioni aibu. Nikasoma mara tatu.

Ndagala zinakwisha, mama anabeba beseni, anashika njia ya nyumbani. Mvua inamkuta njiani!

Nikamwonyesha mwalimu. Hata kifungu hakukitazama, akaenda moja kwa moja kurasa za nyuma.

"Mzee, majibu yanasema mvua. We uliishia darasa la ngapi?"

Mbele ya binti yangu, wakuu. Na kiti alichokalia ni changu.

Nikamwambia, "La tano. Lakini muteja akiniletea vipimo kwa karatasi, mi naenda kupima mulango wenyewe. Karatasi ikikosea, geti haliingii."

Kilichoniuma zaidi ni Nadia, aliyeniuliza kwa sauti ndogo:

"Papa, sasa niandike yenye nimesoma ao yenye wanataka?"

Hapo nikazielewa zile alama zake za ishirini juu ya ishirini nilizokuwa nawaringia wateja. Mtoto alishaacha kusoma, anawinda tu jibu la nyuma. Na kitabu nilikileta mimi.

Mwalimu sikumfukuza, nilimpa sharti. Majibu yakae mkobani mpaka mtoto aseme lake na kuweka kidole kwenye mstari uliompa. Ndipo afungue, walinganishe. Wakitofautiana, warudi kwenye kifungu wote wawili. Yale majibu kayaandika mtu, na mtu hukosea.

Alinuna wiki mbili. Sasa yeye mwenyewe ndiye wa kusema, "Nionyeshe mustari."

Shida, Nadia naye kaizoea. Juzi nawaambia wageni kwamba Bujumbura nzima hakuna fundi kama mimi. Akainua macho kutoka kitabuni, taratibu:

"Papa, nionyeshe mustari."

Wageni walicheka mpaka chai ikamwagika. Ila moyoni nilijua mtoto wangu amerudi kusoma.

Walimu mlioko humu, nyinyi hayo majibu ya nyuma mnayafungua saa ngapi? Semeni, hata kunipinga ruksa. Ila mje na mstari.