Kuku Wangu wa Kishungi

Juzi sokoni Kakonko niliona kuku wa kishungi, manyoya yamemfunika macho, na harufu ya ua wetu wa Kibondo ikanirudia: vumbi bichi na maharage jikoni.

Wangu nilimwita Bibi Harusi. Kila mchana nilimpakata, naye alitulia akikoroma kooni, nami nikawatambia watoto wenzangu kwamba ananipenda.

Mchana mmoja mama alikuja na mkasi. “Huyu hata mwewe akija hamwoni,” alisema, akampunguza kishungi hapo hapo mapajani mwangu.

Kuku alipepesa macho, akanitazama, akapiga ukelele na kutimkia migombani. Sikumpakata tena.

Niliwanunia wote wawili, mama na kuku. Leo najua Bibi Harusi hakuwahi kunizoea. Alikuwa tu hajaniona.